Kaseti ya Baba na Hadithi Isiyokwisha

Mpendwa Mshauri,

Baada ya salamu, naomba unisaidie katika jambo ambalo limetugawa nyumbani kwa miezi mitatu sasa. Baba yetu alifariki dunia miaka 14 iliyopita. Hakupenda kupigwa picha, na barua alizotuandikia ni chache, lakini aliacha kaseti moja ya dakika 60 aliyoirekodi usiku mmoja nilipokuwa na umri wa miaka 7, akitusimulia mimi na kaka yangu hadithi aliyoitunga mwenyewe. Hadithi hiyo inahusu fundi aliyetengeneza kijisanduku cha kumeza sauti. Ukikifungua mahali penye kicheko, kinakimeza kicheko hicho, na ukikifungua tena baada ya miaka mingi, kicheko kinatoka vilevile kilivyoingia. Siku moja fundi anagundua kwamba kijisanduku kimejaa, na kwamba ili kipokee sauti mpya ni lazima aitoe mojawapo ya zile za zamani, isirudi tena. Baba anafika hapo na kusema, "Basi yule fundi akaketi, akafikiri sana, halafu…", na utepe unakwisha. Mimi na kaka tulikuwa tumeshasinzia, na hakuna kati yetu anayeujua mwisho wa hadithi. Upande wa pili wa kaseti hauna maandishi. Tuliwahi kuusikiliza kwa dakika moja hivi, tukakuta kimya, tukauzima.

Mara ya mwisho kuicheza ilikuwa mwaka mmoja baada ya msiba. Redio ilianza kuula utepe, tukautoa polepole na kuuzungusha kwa kalamu hadi ukarudi ndani. Mama alitoka chumbani akilia, na tangu siku hiyo ameifungia kaseti ndani ya sanduku lake na hataki hata itajwe. Nafikiri kinachomuumiza zaidi ni kwamba katikati ya hadithi yeye mwenyewe anasikika akicheka kwa mbali.

Sasa kaka yangu amepata programu ya kompyuta ambayo, kwa maelezo yake, itaondoa makelele yote ya kaseti, itajifunza sauti ya baba, na kisha itamfanya baba aimalize hadithi. Anaamini itakuwa zawadi kwa mdogo wetu wa mwisho, mwenye umri wa miaka 17, ambaye baba alifariki akiwa na miaka 3 na ambaye anasema hakumbuki hata neno moja la baba. Mdogo wetu anataka kuisikia kaseti, basi. Mama anasema iachwe ilale. Mimi naogopa kwamba tukiicheza tena itakatika, na tusipoicheza nitakuwa nimemnyima mdogo wangu haki yake. Ninajua mama anapoweka ufunguo, na nimeshafikiria zaidi ya mara moja kuichukua akiwa hayupo. Nifanye nini?

Mtoto wa Pili

*

Ndugu Mtoto wa Pili,

Pole kwa msiba huo, ambao naona bado haujapoa nyumbani kwenu hata baada ya miaka yote hiyo, na ahsante kwa kuniamini. Nimeisoma barua yako mara kadhaa, na kila mara nimeona kwamba mnabishana juu ya mambo matatu mkidhani ni moja. Kuihifadhi sauti ya baba yenu ni jambo moja. Kuisikiliza ni jambo jingine. Kumtungia maneno ambayo hakuyasema ni jambo la tatu, na lipo mbali kabisa na hayo mawili. La kwanza lina haraka, la pili halina, na la tatu nitakuomba msilifanye.

Nianze na lenye haraka. Hofu yako kwamba kaseti itakatika ina msingi, lakini dawa uliyoichagua, yaani kuiacha ilale, haitaiponya. Ndani ya kaseti kuna utepe wa plastiki wenye upana wa milimita 3.81, na katika kaseti ya dakika 60 utepe huo una urefu unaozidi mita 85. Juu yake kuna tabaka jembamba la chembe za oksidi ya chuma zilizoshikwa na gundi, na sauti ya baba yenu ni mpangilio wa sumaku katika chembe hizo, basi. Gundi huzeeka hata kama hakuna anayeigusa kaseti. Joto huupinda utepe, unyevu huleta ukungu, na kile kipande kidogo cha kitambaa kizito kinachousukuma utepe uguse kichwa cha kusomea hubanduka chenyewe kadiri miaka inavyopita. Kaseti iliyofungiwa sandukuni imepumzika kuchezwa, lakini kuzeeka haijapumzika. Kwa hiyo anayesema iachwe na anayesema ichezwe kila siku wote wawili wanaipoteza, tofauti ni mwendo tu.

Kinachotakiwa ni kuicheza mara moja, kwa uangalifu mkubwa, huku ikinakiliwa kwenye kompyuta. Isiwe kwenye redio ile iliyoula utepe, wala kwenye redio nyingine yoyote ambayo haijajaribiwa kwanza kwa kaseti isiyo na thamani. Mkiweza kumpata fundi anayefanya kazi hii mara kwa mara, mpeni yeye, lakini mmoja wenu awepo tangu mwanzo hadi mwisho na arudi na kaseti mkononi. Kabla ya jambo lolote, vunjeni vile vijiti viwili vya plastiki vilivyo kwenye ukingo wa nyuma wa kaseti, upande usioonekana utepe, ili hata mtu akibonyeza kitufe cha kurekodi kwa bahati mbaya mashine ikatae. Nimewahi kusikia watu wakilia juu ya kosa hilo la sekunde tano, ndiyo maana nalitaja kwanza. Kisha kichwa cha kusomea na magurudumu yanayouvuta utepe yasafishwe kwa pamba yenye alkoholi safi na yaachwe yakauke. Kama ganda la kaseti limepinda au kile kitambaa kimebanduka, utepe wote unaweza kuhamishiwa katika ganda jingine zima lenye skrubu. Ni kazi ya subira, lakini inawezekana, na sehemu ile iliyowahi kuliwa na redio inyooshwe taratibu kwa vidole visafi wakati huohuo. Baada ya hapo utepe uzungushwe wote mbele na kurudi nyuma kabla ya kuchezwa. Ukikaa miaka mingi bila kusogezwa, sumaku ya mzunguko mmoja huambukiza mizunguko iliyo jirani, na ndiyo sababu katika kaseti za zamani utasikia kivuli cha neno kabla neno lenyewe halijatamkwa. Kuuzungusha hupunguza kivuli hicho.

Mwendo nao una maana kubwa kuliko wengi wanavyodhani. Utepe wa kaseti hutakiwa kupita kwa sentimita 4.76 kwa sekunde, na mashine ambayo mkanda wake wa mpira wa kuzungushia magurudumu umelegea ikiuendesha kwa mwendo mwingine, mtakayemsikia atakuwa mtu asiyejulikana kwenu. Mwaka 1857 Mfaransa Édouard-Léon Scott de Martinville alipata hataza, yaani hati ya kumiliki uvumbuzi, ya chombo kilichochora mitetemo ya sauti kama mistari juu ya karatasi iliyopakwa masizi. Hakukusudia mistari hiyo isikike tena. Aliitaka isomwe kwa macho. Mwaka 2008 watafiti walitumia kompyuta kuigeuza kuwa sauti karatasi moja ya mwaka 1860, na walipoisikiliza mara ya kwanza walidhani ni mtoto au msichana anayeimba. Baadaye wakatambua kwamba waliiendesha kwa mwendo maradufu, na walipoupunguza wakamsikia mwanamume, yaelekea Scott mwenyewe. Basi wakati wa kunakili, awepo anayeijua sauti ya baba yenu, na huyo awe na mamlaka ya kusema, "Huyu siye, rekebisha mwendo."

Nakala ya kwanza iwe faili la WAV, aina ya faili la sauti lisilobanwa ili kupunguza ukubwa wake. Wahifadhi wa nyaraka za sauti hupendelea sampuli, yaani vipimo vya sauti, 96,000 kwa sekunde zenye kina cha biti 24, na kwa kiwango hicho saa moja ya sauti huchukua takriban gigabaiti 2, ambazo kwa vifaa vya siku hizi si mzigo. Faili hilo lisiguswe kamwe. Likishapatikana, wekeni nakala tatu: mbili katika vifaa viwili vya aina tofauti, na ya tatu katika nyumba nyingine kabisa, kwa sababu moto au mwizi akija hachagui. Kutoka hapo mnaweza kutoa nakala nyepesi za kusikiliza kwenye simu, hata mia moja.

Hapa ndipo ninapotofautiana na kaka yako kwa mara ya kwanza, ingawa kwa heshima, kwa maana naona kinachomsukuma ni mapenzi. Anasema programu yake itaondoa makelele yote. Programu hizo haziwezi kujua kilicho cha thamani; huondoa kinachofanana na kelele, na mara nyingi kicheko cha mtu aliye chumba cha pili, kikiwa hafifu na chenye mwangwi, hufanana sana na kelele. Mnaweza kumpata baba anayesikika vizuri katika ukimya mtupu, huku mama akiwa amefutwa. Mvumo wa utepe, mlango uliofungwa, pumzi zenu nyinyi wawili mkisinzia, hayo yote ni usiku ule. Akitaka kusafisha, asafishe nakala, na faili la asili libaki na mavumbi yake.

Na kaseti yenyewe msiitupe hata mkishapata nakala kumi. Alexander Graham Bell, ambaye dunia inamkumbuka kwa simu, alirekodi sauti yake kwenye sahani ya nta mwaka 1885, na kwa zaidi ya miaka 100 hakuna aliyeweza kuisikia kwa sababu kuigusa sahani hiyo kungeiharibu. Mwaka 2013 ilitangazwa kwamba imesikika, baada ya mifereji yake kupigwa picha kwa ustadi na kompyuta kuisoma bila sindano yoyote kuigusa. Kama kuna mtu angeitupa kwa kuwa haichezeki, leo tusingekuwa na sauti ya Bell. Kaseti yenu irudi kwa mama, katika sanduku lake, ila msihini aliweke sanduku hilo pakavu, mbali na joto na mbali na spika, maana spika zina sumaku.

Sasa kuhusu mama. Usiuchukue ufunguo. Naandika hivyo nikijua kwamba ungefanikiwa, na kwamba pengine mama asingejua kwa miaka. Lakini kaseti hiyo ina sauti mbili za watu wazima, ya marehemu na ya aliye hai, na huyo aliye hai ndiye uliyemtaja kuwa anasikika akicheka. Kuinakili sauti yake kwa kujificha ni kumchukulia kitu mara mbili. Mwendee, ukae naye peke yenu, umwombe jambo moja dogo kuliko anavyotarajia. Usimwombe asikilize. Usimwambie kwamba itampa faraja, kwa kuwa hujui, wala mimi sijui. Mwambie kwamba kaseti inazeeka ndani ya sanduku, kwamba unaomba ruhusa inakiliwe mara moja mahali ambapo yeye hatakuwapo, kwamba itarudi mikononi mwake siku hiyohiyo, na kwamba hakuna atakayeicheza nyumbani akiwa ndani bila yeye mwenyewe kusema. Halafu mpe muda. Akikataa mara ya kwanza, rudi baada ya wiki chache ukiwa peke yako, si na kaka yako, maana naamini mama ameshaunganisha kaseti hiyo na ile programu, na ombi lako halitasikika mpaka vitu hivyo viwili vitengane.

Kuna mjane mmoja wa London ambaye habari zake zilinigusa. Mumewe, mwigizaji Oswald Laurence, ndiye aliyerekodi tangazo la kuwatahadharisha abiria wa treni za chini ya ardhi kuhusu pengo lililo kati ya treni na jukwaa. Baada ya kifo chake mwaka 2007, mkewe alikuwa akienda kituo cha Embankment na kuketi tu, ili amsikie. Mwishoni mwa mwaka 2012 sauti hiyo iliondolewa kwa ajili ya mfumo mpya. Aliomba, na mwaka 2013 ikarudishwa katika kituo hicho, naye akapewa nakala yake. Sikutolei habari hizo ili umlinganishe mama yako na mwanamke huyo. Mmoja aliifuata sauti ya mumewe, mwingine anaikwepa, na kila mmoja anajua anachokiweza. Ninachokiona ni kwamba yule wa London aliweza kuchagua siku ya kwenda na siku ya kutokwenda kwa sababu sauti ilikuwapo. Kaseti ikiharibika, mama yako hatakuwa amechagua kutosikiliza. Atakuwa amenyang'anywa uamuzi huo.

Mdogo wenu, kwa maoni yangu, ndiye mwenye dai lenye nguvu kuliko nyote. Nyinyi mnaikumbuka sauti hiyo au angalau mnadhani mnaikumbuka. Yeye hana hata cha kukisahau. Nakala ikishapatikana, asikie kwanza peke yake au na wewe, kwa visikizi vya masikioni, bila watu kumtazama usoni ili waone kama atalia. Mweleze mapema kwamba hadithi inakatika. Na asiposikia chochote cha ajabu, akasema tu, "Kumbe alikuwa hivi," mwache, hajakosea.

Nabaki na kaka yako na ule mwisho. Ni kweli kwamba programu za leo zinaweza kuiga sauti ya mtu kutokana na sampuli fupi, na dakika 30 za baba yenu ni nyingi mno kwa kazi hiyo. Lakini fikirini kitakachomfikia mdogo wenu. Hana kumbukumbu yoyote ya kupimia. Mkimpa dakika 30 za baba na dakika 5 za mashine zilizounganishwa bila mshono, hatajua pa kutenganisha, na baada ya miaka 20, akiwasimulia watoto wake kile babu yao alichosema, huenda akawasimulia kile kilichosemwa na mashine. Baba yenu alitunga kisa cha fundi aliyelazimika kuitoa sauti moja ya kweli ili kupisha nyingine. Sijui angechagua nini, ila naona kaka yako anakaribia kuifanya kazi ya fundi yule bila kukusudia. Mwombeni aache. Mpeni badala yake kazi anayoiweza kuliko nyote, ya kusimamia unakili huo wa kompyuta, kwa kuwa mtu mwenye ari kama yake akiambiwa "hapana" bila kupewa la kufanya atalifanya lilelile usiku.

Na kabla ya yeyote kuutunga mwisho, usikilizeni upande wa pili wote. Si dakika moja, bali dakika zote 30, kwa visikizi, hadi utepe usimame. Baba alipokatishwa katikati ya sentensi alikuwa na watoto waliosinzia na kaseti yenye upande mtupu. Huenda alizima akaenda kulala. Huenda aliigeuza baadaye, au siku nyingine, na utepe ulikuwa umeshasogea mbele. Mjiandae kukuta kimya hadi mwisho, na mkikikuta nacho mkinakili kama kilivyo.

Kuna mtu mmoja bado ambaye, kwa barua yako, hakuna aliyemuuliza. Ninyi wawili mlikuwa mmesinzia, lakini aliyekuwa akicheka kwa mbali alikuwa macho. Inawezekana baba aliendelea kumsimulia yeye baada ya utepe kwisha, au alimwambia mwisho siku nyingine, au hakumwambia kabisa. Usimuulize siku ile unayoomba ruhusa ya kunakili. Subiri jambo hilo limalizike na kaseti irudi sandukuni. Akianza kukuambia, usikimbilie simu ili urekodi. Msikilize kwanza hadi amalize, kisha muulize kama angeridhia kuisimulia tena, kwa sauti yake, mdogo wenu akiwapo.